Nyumba imeshauzwa: je, rufaa yako bado ina kitu cha kuamuliwa?

Ndugu mleta mada, umeeleza kwamba ulikata rufaa kupinga uamuzi uliokataa kuzuia mnada wa nyumba uliyoiweka rehani, kwamba nyumba imeuzwa kabla rufaa haijasikilizwa, na kwamba mawakili wa benki sasa wanaomba rufaa itupwe kwa kuwa imepitwa na matukio. Nimeandaa majalada ya rufaa katika ofisi ya mawakili kwa miaka mingi, na hoja hiyo nimeiona ikiwaangusha watu wenye haki zao, kwa sababu wengi huamini kuwa kukata rufaa peke yake kunasimamisha kila kitu. Katika nchi nyingi zinazofuata mfumo wa sheria wa Kiingereza hakusimamishi. Zuio huombwa kwa maombi yake yenyewe, na huombwa mapema.

Katika rufaa moja iliyofanana sana na yako, jaji alimkatiza wakili aliyekuwa bado kwenye sababu ya kwanza ya rufaa, akamuuliza: "Tukikubaliana nawe leo, tutoe amri gani?" Wakili akajibu kwamba mnada uzuiwe. Jaji akafunua kiambatisho cha kiapo cha mjibu rufaa, ambacho kilikuwa nakala ya hati yenye jina la mnunuzi, tayari imesajiliwa, na sababu nyingine za rufaa hazikusomwa kabisa.

Swali hilo ndilo kipimo chenyewe: kama hakuna amri yenye maana ambayo mahakama inaweza kutoa, rufaa imepitwa na matukio. Katika shauri la Chafin la mwaka 2013, mtoto alikuwa ameshapelekwa Scotland na mama yake, lakini Mahakama ya Juu ya Marekani ilisema rufaa ya baba dhidi ya amri iliyoruhusu hilo ingali hai, kwa kuwa amri ya kumrudisha mtoto Marekani bado ingeweza kutolewa hata kama utekelezaji wake ulikuwa wa mashaka. Kwa hiyo angalia kwanza kama umiliki umeshahamishwa, maana pale ambapo bado haujahamishwa, huenda mahakama ikawa na kitu cha kuzuia, ingawa sheria za rehani hutofautiana. Vilevile, rufaa juu ya zuio ikifa, kesi ya msingi haifi nayo, na madai ya fidia kwa mnada uliokiuka utaratibu yanaweza kuendelea.

Kanuni hiyo pia haitumiki kwa mambo yanayoweza kujirudia lakini huisha kabla mahakama haijayafikia, kama ujauzito katika shauri la Roe la 1973, la Marekani, kuhusu utoaji mimba. Sidhani kama hilo linakusaidia, kwa kuwa nyumba yako huuzwa mara moja tu.

Jambo ninalokusihi usilisahau ni hatima ya uamuzi wa chini. Mwaka 1950, katika shauri la Munsingwear, serikali ya Marekani iliacha rufaa yake itupwe bila kuomba uamuzi uliopingwa utenguliwe, na uamuzi huo ukaja kuifunga katika madai yake mengine. Kwa hiyo, katika majibu yako, omba kwamba ikiwa rufaa itaonekana kupitwa na matukio, uamuzi uliokunyima zuio utenguliwe, ili matamko yake juu ya deni lako yasitumike dhidi yako kwenye kesi ya msingi. Sheria ya nchi yako ndiyo itakayoamua kama ombi hilo linakubalika, lakini liandike, na ufanye hivyo kabla hujasaini makubaliano yoyote na benki, kwa maana mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya Marekani, katika shauri la Bonner Mall, ilisema kwamba anayeua rufaa yake kwa suluhu ya hiari kwa kawaida hapewi nafuu hiyo.