Yule Mtoto wa Kwenye Ngazi

SWALI: Ndugu Mhariri, mjukuu wangu wa miaka minane amenionyesha kwenye simu kipande cha filamu ya zamani isiyo na rangi, ambamo msichana mdogo mwenye vishungi vya nywele anashikwa mkono na mzee Mweusi, wakapanda ngazi pamoja huku wakigonga viatu kwa mdundo. Tangu siku hiyo hatupumziki, kwani kila jioni anaigonga ngoma hiyo kwenye vidato vya baraza letu hapa Ujiji na kusema naye atakuwa mwigizaji. Msichana huyo ni nani, na je, alipokua aliendelea na kazi hiyo?
Bibi wa Ujiji, Kigoma

JIBU: Shikamoo, Bibi. Huyo ni Shirley Temple, aliyezaliwa Santa Monica, California, mwaka 1928, na mzee huyo ni Bill Robinson, fundi mkubwa wa ngoma ya viatu. Kipande hicho ni cha mwaka 1935, wakati ambapo kumwona Mweusi na Mzungu wakicheza wameshikana mikono katika filamu ya Marekani lilikuwa jambo geni kabisa.

Shirley alianza kuigiza akiwa na miaka mitatu, na kuanzia 1935 hadi 1938 hakuna nyota aliyewavuta watu wengi zaidi yake katika majumba ya sinema ya Marekani. Vishungi ulivyoviona vilikuwa 56 kamili, na mama yake ndiye aliyekuwa akivitengeneza. Studio nayo ilimpunguzia umri kwa mwaka mmoja ili aendelee kuonekana mdogo, na mwenyewe aliujua ukweli alipotimiza miaka 13. (Hapa kwetu tumezoea umri kupunguzwa kwa wachezaji mpira!)

Aliendelea, lakini si kwa kishindo kile. Watazamaji waliompenda akiwa mtoto hawakuwa na haja sana na msichana aliyekomaa, hivyo, ingawa alicheza filamu kadhaa nzuri katika miaka ya 1940, alitangaza kustaafu sinema mwaka 1950 akiwa na miaka 22. Mwaka 1958 alirudi kupitia televisheni, akiongoza kipindi cha hadithi za watoto kilichodumu hadi 1961. Baadaye akaingia katika siasa, akashindwa uchaguzi wa Bunge la Marekani mwaka 1967, kisha akawa balozi wa nchi yake nchini Ghana kuanzia 1974 hadi 1976, na Czechoslovakia kuanzia 1989 hadi 1992. Alifariki mwaka 2014.

Hukuuliza habari za fedha, Bibi, lakini mimi naona ndiyo sehemu ya kukaa nayo. Alipokuwa mtu mzima aligundua kwamba, kati ya zaidi ya dola milioni tatu alizochuma utotoni, zilizobaki kwa jina lake zilikuwa takriban 44,000, kwa kuwa nyingine zilikuwa zimeendesha nyumba nzima na kupotea katika uwekezaji wa baba yake. California ilikwisha kutunga sheria mwaka 1939, baada ya mwigizaji mwingine wa utotoni, Jackie Coogan, kumshitaki mama yake mzazi na baba yake wa kambo, na leo hii asilimia 15 ya malipo ya mtoto huwekwa katika akaunti isiyoguswa mpaka akue. Basi akija mtu barazani kwako kutaka kumpeleka mjukuu wako Dar es Salaam akaigize, kabla hujazungumza naye habari za nauli ya treni, muulize malipo ya mtoto yatawekwa wapi, na kwa jina la nani.