Kuzunguka Ukerewe kwa Coaster: uliza kwanza mtashuka mara ngapi

Nimezunguka vijiji vya kisiwa cha Ukerewe kwa gari la kukodi mara mbili, na watu walewale, wa kikundi chetu cha kuweka na kukopa hapa Igoma, Mwanza. Mara ya kwanza tulirudi na vumbi. Mara ya pili tulirudi na machungwa, dagaa na ubishi ambao mpaka leo haujaisha kwenye vikao. Kisiwa ni kilekile, na michango yetu haikupishana sana. Nayaandika haya kwa sababu kila shule zikikaribia kufungwa napigiwa simu na watu wa kwaya, wa ofisi, wa vikoba, wote wanauliza kitu kimoja: "Dada, ile safari yenu ya Ukerewe mliipangaje?"

Ile ya kwanza hatukuipanga sisi. Tulimpa kazi mwandaaji wa safari wa hapa mjini, akatuletea karatasi ya rangi yenye vituo tisa, kwenda na kurudi siku hiyohiyo. Tulifurahia wingi wa vituo kama mtu anavyofurahia kuongezewa nyanya sokoni. Hakuna aliyeshika kalamu.

Sasa shika wewe. Ukisimama ufukweni Mwanza unaambiwa Ukerewe iko pale mbele tu, na ni kweli, kwa ndege wa angani. Kwa gari unashika barabara ya Musoma hadi Bunda, unakata kushoto kurudi ziwani mpaka Kisorya, unavuka kwa pantoni hadi Rugezi, ndipo uitafute Nansio, mji mkuu wa kisiwa. Maana yake umelizunguka Ghuba la Speke lote. Gari letu liliambiwa litoke saa kumi na moja alfajiri, likatoka saa moja kasoro kwa sababu ya wajumbe wawili ambao siwataji, wanajijua. Kisorya tukakuta malori yametutangulia kwenye foleni. Nansio tuliigusa saa saba na nusu mchana, na jioni pantoni haimsubiri mtu. Vituo tisa, saa tatu na ushee.

Aliyewahi kukalia siti ya kukunja ya Coaster, ile ya katikati ya njia, anajua kilichofuata. Gari likisimama unainuka wewe kwanza, unakunja siti, unajibana mlangoni wenzako wapite, dakika kumi baadaye mnarudia yote kinyumenyume. Kituo cha nne mama mmoja mtu mzima katika kikundi chetu, aliyekalia siti hiyo, akasema, "Wanangu, mimi nimeshaona. Nendeni, mkanisalimie." Kuanzia hapo hakuna aliyeshuka. Vijiji vitano tuliviona dirishani, mwongozaji akivitaja kwenye kipaza sauti kama kondakta wa daladala, hapa Bukindo, hapa Kagunguli, huku spika za dereva zikimzidi nguvu. Ukinionyesha picha za siku ile utaona sura zetu zenye jasho na nyuma yake kichaka.

Kwa hiyo neno langu la kwanza kwa anayechangisha: usitoke Mwanza asubuhi ukitegemea kuzunguka kisiwa na kurudi ulale kwako. Panda meli pale bandarini Mwanza mpaka Nansio, ni saa tatu na kitu, na safari yenyewe ya ziwani ni nusu ya raha. Laleni Nansio, kuna nyumba za wageni za bei ya kawaida. Gari likodini hukohuko kisiwani, liwe lenu kuanzia asubuhi mpaka jua linazama. Wengi wanaogopa hela ya kulala, lakini piga hesabu ya mafuta ya Coaster kwenda Bunda, Kisorya na kurudi, utaona zinakaribiana. Ratiba ya meli kaulize bandarini wewe mwenyewe siku mbili kabla. Usiniulize mimi wala mtu aliyesafiri mwaka jana.

Na vituo viwe vitatu. Vinne kama kundi ni la vijana. Ukerewe ni kisiwa kikubwa kuliko vyote vya Ziwa Victoria, kina zaidi ya kilomita za mraba 500, na wilaya yenyewe inahesabu visiwa 38. Hutakimaliza. Ukishakubali kwamba hukimalizi, unaanza kukiona.

Mara ya pili tulimtafuta mwongozaji kabla ya gari. Hili ndilo kubwa kwangu kuliko yote, maana gari ni gari. Swali la kumpima mwongozaji nililipata baada ya kuungua, linahusu mwalo, pale wavuvi wanaposhushia samaki, na nakupa bure: "Mwaloni tutashukia wapi, na nani anakujua pale?" Yule wa kwanza asingeweza kulijibu, alikuwa kijana wa mjini aliyekariri majina ya vijiji. Wa pili alijibu kwa jina la mwenyekiti wa kijiji na jina la mama anayeanika dagaa, akampigia simu mbele yetu, kwa Kikerewe. Kazi tukampa palepale.

Kwa nini mwalo? Kwa sababu mwaloni hawapendi magari yasiyojulikana. Kwenye safari ya kwanza tulisimama kwenye mwalo mmoja, watu ishirini na sita tukashuka na simu zimeinuliwa, na kufumba na kufumbua vijana wakawa wanakusanya nyavu zao na kuondoka. Sisi tukasema watu wa hapa ni wakali. Kumbe walidhani ni doria. Ukanda huu wote umepitia misako ya uvuvi haramu, nyavu zimechomwa moto, mitumbwi imeshikiliwa, halafu unashuka wewe na kofia na miwani unapiga picha boti ya mtu. Ungekuwa wewe ungekaa?

Mara ya pili mwongozaji alishuka peke yake. Sisi tulibaki kwenye gari robo saa nzima, watu wakaanza kunung'unika. Aliporudi alikuwa na mwenyekiti, tukatambulishwa, shikamoo zikatembea. Nikajaribu "mwangaluka" yangu ya Kisukuma, nikachekwa mpaka na watoto. Basi tukawa wageni wa mtu.

Yule mama wa dagaa alikuwa ametandaza wengine chini juu ya nyavu kuukuu, wengine kwenye vichanja. Wa chini, alisema, wanabeba mchanga na bei yao inajulikana. Wa kwenye kichanja wanapata hewa juu na chini, wanabaki weupe. Akachukua dagaa mmoja akamkunja mbele ya macho yangu, akapinda bila kukatika. "Huyu bado." Akamchukua wa upande wa pili, akakatika kwa mlio mdogo, tik. "Huyu anafika hata Kongo." Ukimnunua dagaa sokoni Kirumba sasa fanya hivyo, muuzaji atakuangalia kwa heshima.

Tulikuwa tumebakiza dakika chache za ratiba pale wingu lilipotokea ziwani. Mvua za ziwani haziulizi mwezi. Hakuna aliyepiga kelele, akina mama waliinuka tu wote kwa pamoja, wakaanza kukunja nyavu kutoka pembeni kuja kati, dagaa wakijikusanya kama pumba. Dagaa akishalowa akiwa nusu mkavu anageuka rangi, halafu mnunuzi wake anakuwa mtengeneza chakula cha kuku. Hiyo ni kazi ya siku nzima na hela ya mkopo. Katibu wetu, ambaye kwenye kikao hainami hata kuokota kalamu, nilimwona amebeba beseni kichwani anakimbilia banda la bati. Tulikimbia sote. Yule mama wa siti ya kukunja alikuwa mbele yangu.

Mvua ilinyesha robo saa. Tulikaa chini ya bati, masikio yanaziba kwa kelele, tukaambiwa habari za karabai za zamani na taa za sola za siku hizi. Dagaa anavuliwa usiku wa giza, anaifuata taa. Mwezi ukiwa mkubwa, ziwa lote ni taa, haji, na wavuvi wanapumzika. Hapa weka alama: usipange ziara yako siku za mbalamwezi kama unataka kuona dagaa wakianikwa. Utakuta vichanja vitupu na watu wanashona nyavu. Karatasi ya mwandaaji wetu wa kwanza haikuwa na neno hilo, na sasa nikiangalia tarehe zile kwenye kalenda ya mwezi nacheka peke yangu.

Bukindo tulikaa saa moja na nusu, kwenye nyumba ya ghorofa ya watemi wa Wakerewe. Mtu akikwambia ni nyumba chakavu tu, muulize alikuwa na nani. Sisi tuliambiwa habari za ukoo wa Wasilanga uliotawala kisiwa, za mtemi Lukonge na wamisionari wawili kutoka Uingereza waliouawa hapa kisiwani Desemba 1877 katika ugomvi uliomhusu mfanyabiashara wa pwani, na za Michael Lukumbuzya, wa mwisho kutawala kabla serikali haijafuta utemi mwaka 1963, ambaye baadaye akawa balozi. Kagunguli tulipita kwa ajili ya mwalimu mmoja katika kikundi aliyetaka aone tu mahali alipoishi Aniceti Kitereza, mtu aliyemaliza kuandika riwaya yake kwa Kikerewe mwaka 1945 nayo ikasubiri mpaka 1980 kuchapwa, kwa Kiswahili. Mwalimu alisimama barabarani dakika tano bila kusema kitu, akarudi garini. Tulimwacha.

Ule ubishi niliousema mwanzo ulianzia kwenye mawe. Mjumbe mmoja, ambaye ameshapanda mpaka Marangu na kwa hiyo anajua kila kitu, alitangaza kwamba haya majabali yaliyopangana ya Ukerewe na Mwanza yametapikwa na volkano. Mwongozaji wa kwanza alimwitikia, "Ndiyo mzee, volkano." Wa pili alisema hapana, bila kumwogopa. Na ana haki. Volkano ni za huko Kilimanjaro na Oldoinyo Lengai. Mawe yetu ni itale, yalipoa chini kabisa ya ardhi zaidi ya miaka bilioni mbili na nusu iliyopita, kisha udongo wa juu ukaliwa na mvua na upepo kidogokidogo mpaka yakabaki yamekaa moja juu ya jingine kama mtu kayapanga. Hata ziwa lenyewe si shimo la volkano, ni bonde la kina kifupi lililobaki katikati wakati ardhi za mashariki na magharibi zilipoinuka. Mzee wetu hajakubali. Lakini unaona faida ya mwongozaji anayeweza kumwambia mteja hapana.

Madogomadogo. Msioge ziwani wala kutembea majini kwenye nyasi za ufukweni, kichocho kiko huku na hakichagui mgeni. Aliyeshindwa kujizuia akapime. Pipi za kuwarushia watoto dirishani acheni, wanakimbilia magurudumu. Kama mnataka kutoa kitu, mpeni mwenyekiti au mwalimu wa shule mkiwa mmesimama chini. Picha ya mtu ombeni. Chakula agizeni asubuhi, si mkishafika na njaa: sato wa watu ishirini na sita hapatikani kwa nusu saa. Tulikula na ugali wa udaga, yaani wa muhogo, na waliozoea wa sembe walilalamika tonge la kwanza tu.

Kuna watakaotaka kuchomekea kisiwa cha Ukara siku hiyohiyo, wakaone lile jiwe linalocheza. Msichomekee. Ukara ni safari yake, na kivuko chake kinapandwa Bugolora. Ni njia ileile ambayo MV Nyerere ilipinduka Septemba 20, 2018 ikiwa imejaza kupita kiasi, wakafa watu zaidi ya 200, ikiwa imekaribia kabisa kutia nanga Bwisya. Kundi lenye haraka ndilo linalokubali kupanda chombo kilichojaa. Mkienda, nendeni siku yenu, chombo kikijaa msubiri kingine, na kila mtu avae boya lake hata kama wenyeji wanatabasamu.

Mwisho ni mzigo. Wakati wa kurudi kila mtu alikuwa na machungwa ya Ukerewe, yale ya ganda la kijani yanayokudanganya hayajaiva, na kilo zake za dagaa kutoka kwa yule mama. Machungwa yawekwe juu, dagaa wafungwe mifuko miwili, nao wakae kwenye kabati la meli mbali na nguo. Mimi nilifunga mmoja. Sweta niliyoivaa siku ile nimeifua mara nne, na paka wa jirani bado anaifuata kwenye kamba.