Anza na daftari: ushauri kwa anayetaka kuwa mtayarishaji wa tamthilia za mchana

Mwaka wangu wa pili kwenye tamthilia ya mchana nilipitisha sini moja ambamo daktari anamwambia mama mmoja, "Sidhani kama tumewahi kuonana." Waigizaji waliiweza mara ya kwanza, tukasonga mbele. Ilipoonyeshwa, simu za studio hazikunyamaza. Watazamaji walikumbuka kwamba miaka mitatu nyuma daktari huyohuyo ndiye aliyemzalisha yule mama. Waandishi wa wakati ule walikwishaondoka, mwigizaji wa kike alikuwa amebadilishwa, na mimi niliyelipwa kuilinda hadithi sikuwa nimesoma nyuma.

Siku hiyo nilinunua daftari.

Kwa hiyo ukiniuliza uanzie wapi, sitakuambia ukimbilie kuketi nyuma ya mwongozaji. Omba dawati la mwendelezo, yaani la wanaohakikisha hadithi haijipingi, hata kama ni la kusaidia tu. Andika kila mhusika ana nani, alizikwa nani, kovu liko mkono upi. Lakini safu yenye thamani kuliko zote ni hii: nani anajua nini. Tamthilia ya kila siku huishi kwa siri. Kama dada mtu ameshasikia mlangoni kwamba mtoto si wa kaka yake, hawezi wiki ijayo kumsifu kaka kwamba wamefanana, isipokuwa tunataka aonekane anadanganya. Hapo maneno hayabadiliki hata moja, ila kamera inabaki usoni mwake sekunde tatu zaidi, na mtazamaji aliyeko nyumbani anashika tama.

Haya yote lazima yawe tayari kabla ya taa kuwashwa. Filamu ya sinema huweza kurekodi kurasa chache tu za skripti kwa siku. Tamthilia za mchana za Marekani hurekodi 80 na zaidi. Tena kazi hufuata seti, haifuati mtiririko wa hadithi: sebule ya familia moja inamalizwa asubuhi, sini zake za vipindi kadhaa kwa mpigo, kisha watu wanahamia hospitalini. Mwigizaji anaweza kulia msibani kabla hajaigiza siku ya kifo. Atakugeukia akuulize, "Hapa nimeshajua?" Ukisema ngoja nitazame, umempotezea machozi yake.

Msome Gloria Monty, mtayarishaji wa tamthilia za mchana za Marekani. Alipokabidhiwa General Hospital mwaka 1978, tamthilia hiyo iliyoanza 1963 ilikuwa ukingoni kufutwa. Alifupisha sini, akaongeza kasi, akadai mwanga na kamera vifanye kazi kama vya tamthilia za jioni. Novemba 1981 harusi ya Luke na Laura, wahusika wa tamthilia hiyo, ilitazamwa na watu wapatao milioni 30. Wengi walijua majina ya wale maharusi, wachache walimjua yeye, na naona hiyo ndiyo sura halisi ya kazi yetu. Kama unahitaji kupigiwa makofi ili ulale vizuri, tafuta kazi mbele ya kamera.

Bajeti utajifunza, ni hesabu, na kuna watu wa kukufundisha.

Kisichofundishwa ni kumuaga mtu. Mhusika akiandikiwa kufa au kuhama mji, yuko mwanadamu anayepoteza mshahara na watu aliokula nao kila siku kwa miaka. Nimeona mwigizaji akigundua mwisho wake kwenye chumba cha vipodozi, skripti mkononi, nusu ya uso imepakwa. Dakika kumi baadaye aliitwa kwenye seti, akaenda. Sijamsahau. Tangu nilipopata mamlaka, skripti ya namna hiyo haitoki kwenye mashine ya kuchapa kabla sijamwita mwigizaji ofisini na kufunga mlango. Namwambia mwenyewe, namtajia siku ya kurekodi sini yake ya mwisho, halafu nanyamaza ili aulize anachotaka. Simu naiacha nje.