Kupekuliwa bila hati wala stakabadhi: je, kesi ya bhangi imekufa?

Swali: Habari wakili. Mdogo wangu anashtakiwa hapa Tanzania kwa kukutwa na bhangi nyumbani kwake. Polisi hawakuwa na hati ya upekuzi, hawakumwita jirani wala mjumbe, na stakabadhi hakupewa. Je, kesi itafutwa?

Jibu: Pole sana, ndugu yangu. Haifutwi yenyewe, na anayewaahidi hivyo anawapotosha.

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inamtaka askari anayechukua kitu atoe stakabadhi yenye saini ya mwenye nyumba, ndugu yake wa karibu au anayeishi humo, pamoja na za mashahidi kama walikuwapo. Ni sharti, si hisani. Hata hivyo, katika baadhi ya mashauri Mahakama ya Rufani imekubali hati ya ukamataji (karatasi inayoorodhesha vitu vilivyochukuliwa) yenye saini hizo isimame badala ya stakabadhi. Kwa hiyo mwulizeni mdogo wako kwanza: siku ile alisaini karatasi yoyote? Wengi husaini kwa hofu, kisha wakasahau.

Upekuzi wa dharura bila hati unaruhusiwa. Lakini kama polisi walipata taarifa jana yake, dharura iko wapi? Wakili awadodose hapo.

Mimi nguvu yenu naiona zaidi kwenye safari ya kielelezo, yaani kitu kinachotolewa mahakamani kama ushahidi, hapa bhangi yenyewe. Katika shauri la Paulo Maduka na wenzake dhidi ya Jamhuri, Rufaa ya Jinai Na. 110 ya 2007, Mahakama ya Rufani ilisisitiza kumbukumbu za mfululizo. Kwenu maana yake ni: nani alikamata, nani alitunza, nani alipeleka kwa Mkemia Mkuu wa Serikali. Linganisheni karatasi mstari kwa mstari. Hati ya ukamataji ikisema "mifuko miwili ya nailoni" na ripoti ya maabara ikasema "kiroba kimoja", kilichopimwa ni kipi? Uzito kupungua kidogo si hoja kubwa, maana bhangi mbichi hukauka. Alama na lakiri kutofautiana ndiyo hoja. Jueni pia kwamba pengo la karatasi linaweza kuzibwa na ushahidi wa mdomo unaoaminika.

Pingamizi litolewe pale Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, inapoomba kielelezo kipokelewe, msisubiri rufani. Ushahidi ukipatikana kinyume cha Sheria hiyo ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, anayetaka upokelewe ndiye anayepaswa kuiridhisha mahakama kwamba una manufaa kwa umma bila kumuumiza mshtakiwa isivyo haki. Kama hana wakili, ombeni msaada wa kisheria kabla ya siku hiyo.