Matumaini si kujidanganya

Ndugu yangu, umesema matumaini ni kujidanganya, na kwamba mtu wa kipato cha chini hapa Dar angeishi kwa amani zaidi akiyaacha. Sikubaliani nawe kabisa. Unachokielezea wewe ni kusubiri muujiza. Mwanasaikolojia wa Marekani, Charles Snyder, na wenzake walieleza mwaka 1991 kuwa matumaini yana pande mbili: ari ya kulifuata lengo, na kuziona njia za kulifikia. Njia moja ikiziba, unatafuta nyingine.

Nenda Feri asubuhi na mapema uwatazame akina mama kwenye mnada wa samaki. Changu wakipanda bei, mama anahamia kwa dagaa, au anachanga na mwenzake wagawane ndoo moja, kisha anakimbilia daladala. Jumamosi ana marejesho ya kikoba, Januari sare za mtoto. Hayo ndiyo yanayomwamsha! Sisemi matumaini yanalipa kodi ya nyumba. Ila aliyekata tamaa hata bei haulizi. Kwa hiyo mama kama huyo wa Feri usimwambie aache kutumaini, tafadhali. Muulize amekwama wapi, umtafutie hata mteja mmoja.