Boriti, kaboni na bandari: majibu kwa wasomaji wa pwani

Mababu zetu walikata boriti za mikoko, nasi tunakata boriti. Mkisema mikoko isiguswe, watoto wale nini? (Msomaji, Lamu)

Una haki kuuliza. Anayekuambia uweke shoka chini bila kukuonyesha riziki nyingine hakutakii mema.

Tazama Gazi, Kwale. Miaka ya 1970 mikoko ya ghuba ile ilifyekwa ikawa kuni za viwanda vya chokaa na matofali, na mikoko ikienda, mazalia ya samaki na kamba huenda nayo. Tangu 2013 wenyeji wa Gazi na Makongeni wanalinda hekta 117 kupitia Mikoko Pamoja, na kuuza kaboni, yaani kulipwa kwa hewa ya ukaa ambayo mikoko huihifadhi, kiasi cha tani 3,000 kwa mwaka. Matumizi ya fedha hizo huamuliwa kijijini: maji, vitabu, ukarabati wa shule. Ninalolipenda zaidi ni kwamba walipanda na mivinje, ili mtu apate kuni na miti ya kujengea. Hawakukataza tu.

Wametujia watu na mkataba wa mradi wa kaboni wanataka tutie sahihi upesi. Tutie? (Kamati ya kijiji, Kilifi)

Upesi, hapana. Someni mkataba kwa Kiswahili, barazani, akina mama wakiwepo. Ulizeni akaunti itashikwa na nani, mkataba ni wa miaka mingapi, na mkitaka kutoka mtatokaje. Sheria ya Kenya ya mabadiliko ya tabianchi, kama ilivyorekebishwa 2023, inataka jamii ipewe angalau asilimia 40 ya mapato ya mradi wa kaboni unaotegemea ardhi, baada ya kuondoa gharama za uendeshaji. Basi hizo gharama nazo mzione kwa maandishi, maana hapo ndipo pesa hupotelea.

Kupinga mradi mkubwa si kupinga maendeleo? (Mwanafunzi, Mombasa)

Si lazima. Wavuvi wa Lamu walipokwenda kortini kuhusu ujenzi wa bandari kwao, walidai wasikilizwe na walipwe; mwaka 2018 Mahakama Kuu iliamuru fidia ya shilingi bilioni 1.76. Mwaka 2019 leseni ya mtambo wa makaa ya mawe huko huko Lamu ikafutwa na baraza la rufaa za mazingira, sababu mojawapo ikiwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Mradi wenye faida ya kweli hauogopi kuulizwa maswali na mvuvi.

Tulipanda miche ya mikoko, ikafa yote. (Kikundi cha vijana, Tanga)

Huenda mlipanda mti usio wa mahali pale. Mikoko ni ya aina nyingi: mlilana husimama mbele, penye mawimbi; mkoko wenyewe, ule wa mizizi ya matao, hupenda tope laini la kando ya mikondo; mkandaa hukaa nyuma, pakavu kidogo. Chukueni mbegu za mkoko zilizokomaa, zenye pete ya manjano shingoni. Na kama mkondo umezibwa na barabara au tuta la shamba la chumvi, zibueni kwanza, maji yaingie na kutoka. Mara nyingi mbegu zitajileta zenyewe.