Keki ya maziwa isiyokwama kooni

Juzi usiku namalizia kuosha trei, ujumbe ukaingia: “Dada, nimepika keki ya maziwa nyepesi, nimetumia maziwa yasiyo na mafuta, imekuwa bwawa. Juu kavu, chini inaogelea. Mume wangu kaniuliza kama nimeimwagia maji ya bomba. Nimekosea wapi?”

Nilicheka, halafu nikanyamaza. Swali la namna hiyo niliwahi kuulizwa mimi, tena mbele za watu.

Ilikuwa Iddi pili, nyumbani kwa mama mkwe, Magomeni. Mwaka ule kliniki walikuwa wamemwambia apunguze sukari, na mimi, mke mgeni mwenye hamu ya kusifiwa, nikajitwika: nitampikia tres leches, yaani hii keki ya kulowekwa maziwa, ambayo hata yeye ataonja. Niliona kazi ndogo. Maziwa ya kopo nikayaacha yote, krimu nikaiacha, nikamimina maziwa ya pakiti yaliyotolewa mafuta, tena keki ikiwa bado ya moto. Nikapanda bajaji nimeikumbatia trei kama mtoto mchanga. Ilipokatwa, maziwa yakatiririka mpaka kwenye kitambaa cha meza. Wifi yangu akakinyanyua kipande chake kwa uma, akakitazama kikidondoka, akasema, “Wifi, hii keki au sponji ya kuoshea vyombo?” Wakacheka wakubwa, wakacheka na watoto wasiojua kinachochekwa. Mama mkwe peke yake alimaliza kipande chake, kimya, na hicho ndicho kilichoniuma zaidi. Nilimwona anavyomeza kwa hisani.

Imepita miaka minne. Msinihubirie kusamehe, nilishasamehe siku ileile. Kusahau ndiko sijafika.

Ramadhani iliyopita nimeuza trei 31 za keki hiyohiyo nyepesi. Majaribio ya katikati siyasimulii. Ni mayai mengi, unga mwingi, na mume aliyekula makosa yangu kwa miezi bila kulalamika. Niwaambie nilichokuja kuelewa.

Nilidhani uzito wa keki hii uko kwenye maziwa, kumbe kwa sehemu kubwa uko kwenye kopo. Tres leches ni Kihispania, maana yake maziwa matatu: yale mazito ya sukari, yale ya kopo yaliyopunguzwa maji, na krimu. Wameksiko wanasema ni yao, Wanikaragua nao wanasema ni yao, waache wagombane. Sisi wa pwani tumeizoea ikiwa na zafarani na hiliki. Sasa chukua lile kopo la maziwa mazito usome ubavuni: zaidi ya nusu ya uzito wake ni sukari, ukijumlisha na ile ya maziwa yenyewe. Gail Borden, Mmarekani aliyepata hataza, yaani haki ya mvumbuzi, ya njia ya kuyapunguza maji maziwa mwaka 1856, alikuwa akitafuta maziwa yatakayokaa siku nyingi bila kuharibika, na sukari nyingi ndiyo inayoyalinda ndani ya kopo. Siku niliyolijua hilo nilikaa chini. Sukari yote ile ni ya kuhifadhia! Mimi nina friji, na keki yangu haimalizi siku mbili. Ya nini kopo zima?

Lakini ukiitoa sukari, lazima uweke kitu mahali pake, na hapo ndipo mimi na dada wa ujumbe tulipoangukia. Maziwa mazito hayaleti utamu tu, yanaleta na unene. Maziwa membamba hayana cha kushikilia, yanapita kwenye keki na kutuama chini. Kwa hiyo mimi nachukua lita 1 ya maziwa freshi yenye mafuta yake, nayachemsha moto mdogo na hiliki iliyopondwa, nakoroga, nakoroga tena, mpaka yabaki kama mililita 600. Yanakuwa mazito na yanapata utamu wao wenyewe. Usiondoke jikoni kwenda kujibu simu, yatashika chini na harufu ya kuungua haifichiki kwa zafarani wala kwa dua. Yakishaipuliwa natia gramu 120 tu za yale maziwa mazito, yaani chini ya theluthi ya kopo, na chumvi chembe.

Keki yenyewe: mayai 5, sukari gramu 100, unga wa ngano gramu 130, beking pauda kijiko 1 cha chai, maziwa robo kikombe. Siagi hapana, mafuta hapana. Ute upigwe peke yake na nusu ya sukari mpaka usimame, viini vipigwe na nusu iliyobaki mpaka viwe vyeupe, kisha changanya kwa mwiko taratibu, unga ukichekechwa juu yake. Vile vyumba vya hewa ulivyovipiga ndivyo vitakavyobeba maziwa. Keki yenye siagi nyingi inayakataa. Iive, ipoe kabisa. Narudia: ipoe kabisa. Itoboe kwa uma kila mahali, hadi pembeni, umimine maziwa yakiwa ya baridi, kwa mafungu matatu, ukipumzika katikati. Ilale kwenye friji. Ukiikata saa mbili baada ya kumimina, usinitumie ujumbe.

Juu sipaki krimu. Napaka mtindi mzito niliouchuja usiku kucha kwenye kitambaa cha shashi, nimeukoroga na asali kijiko kimoja. Uchachu wake unafanya watu waombe kipande cha pili bila kujua kwa nini.

Najua wengi mnaonisoma mnataka mfike mahali mteja anapiga simu mwenyewe. Basi acheni uvivu wa kopo. Na acheni uongo: msimuuzie mgonjwa wa kisukari mkamwambia keki hii ni salama kwake. Ina sukari, ina unga. Ni nyepesi kuliko dada yake wa kopo zima, basi. Mimi mama mkwe nampa kipande cha vidole viwili na anajua kwamba hakuna cha pili, ingawa mwaka huu nimemkamata anakombeleza trei kwa kijiko.

Wifi naye alipiga simu wiki iliyopita. Binti yake anaolewa, anataka trei 6, “ile yako nyepesi, wifi yangu mpenzi.” Nimempa bei ya wateja wote. Nusu alipe kabla.